Kamba, jiwe na kamera: safari ya Kigombe, Tanga

Nimerudi Dar na ndiyo kwanza nimemaliza kupanga picha. Abiria wenzangu walioniona nimepakata ndoo yenye kamba ya mita 150 waliniuliza sana naenda nayo wapi. Jibu lake refu, ndiyo maana naliandika.

Mimi ni mtoto wa Ujiji. Ziwa letu lina kina cha mita 1,470 pale linapozidi, na duniani kote linapitwa na Baikal ya Urusi peke yake, yenye mita 1,642. Uso wa Ziwa Tanganyika uko kama mita 773 juu ya usawa wa bahari, kwa hiyo piga hesabu mwenyewe: sakafu yake iko karibu mita 700 chini ya usawa wa bahari hii ya Tanga. Tangu utotoni nina hamu ya kuiona. Kazi yangu ni kufunga kamera za ulinzi, na binamu yangu ni fundi wa vyuma. Tukakaa, tukatengeneza chombo cha kushushia kamera: bomba nene la alumini, kioo cha akriliki mbele, na mfuniko wenye ringi mbili za mpira zilizopakwa grisi. Hakiwezi kufika mita 1,470, hata robo yake hakifiki. Kimekusudiwa mita 200, na kabla ya kukipeleka Kigoma tulitaka kukijaribu karibu. Kwa mtu wa Dar, karibu ni Tanga. Nje ya visiwa vyake bahari inaporomoka ghafla kuelekea mkondo wa Pemba, na wavuvi wa huko wanashusha nyavu kwenye kina ambacho wengi wetu tunakisikia tu.

Halafu kuna silikanti, samaki wa kale wa kina kirefu. Nitamfikia.

Jumatano: Dar hadi Tanga

Basi lilitangazwa kuondoka Stendi ya Magufuli saa kumi na mbili asubuhi. Likaondoka saa moja na dakika ishirini, kwa sababu kondakta alikuwa anasubiri "abiria wawili tu wako getini". Nauli 20,000. Ndoo yangu ilizua mjadala: kondakta alidai 5,000 ya mzigo, nikamwambia nitaipakata, akasema nikiipakata ni abiria. Mama mmoja wa kiti cha nyuma akasema, "Mwanangu, ilete hapa chini ya miguu yangu, mimi sina mzigo." Ikakaa hapo mpaka mwisho wa safari. Kilo nane za chuma zilikuwa ndani yake na mama hakujua. Nilimshukuru mara mbili.

Foleni ya Kibaha mpaka Mlandizi mnaijua. Baada ya Chalinze gari linatembea. Segera tulipewa dakika kumi na tano, wali kuku 5,000, na si wa kusifia. Wenye akili wanavumilia njaa mpaka Muheza, machungwa yanapoletwa dirishani: mfuko mzima 2,000, na matamu kweli.

Tulifika stendi ya Kange saa tisa. Bajaji mpaka Chumbageni 4,000. Chumba chenye feni, neti na chai ya asubuhi 30,000. Usiku nilikwenda Ngamiani kula mkate wa kumimina na mchuzi wa pweza wa nazi, vyote 4,500, na dada anayeuza akaniongezea mchuzi bila kuuliza.

Kwa mwenye mzigo wa ajabu kama wangu: usipande basi na betri za tochi za kuzamia zikiwa ndani ya tochi. Zitoe, zifunge kwenye plastiki, kaa nazo wewe.

Alhamisi: barua na picha

Bahari kuanzia Mafuriko, kaskazini ya jiji, kushuka mpaka karibu na mdomo wa Mto Pangani ni Hifadhi ya Bahari ya Silikanti, iliyotangazwa mwaka 2009. Eneo lake ni kilomita za mraba 552, na ndani yake kuna visiwa vya Toten, Yambe na Karange. Maana yake hata kamba na kamera ni vitu vya kuombea ruhusa. Nilieleza shida yangu kwa watu wa hifadhi, nikaambiwa niandike barua: chombo ni kipi, kinashuka wapi, kinakamata nini. Hakikamati kitu, nikaandika hivyo kwa herufi kubwa. Binti wa duka la fotokopi aliichapa kwa 1,500 na kunirekebishia sarufi bure.

Wakati nasubiri nilikwenda soko la samaki la Deep Sea. Mnada ulikuwa umekwisha, sakafu inaoshwa, paka wamejipanga. Mzee mmoja alikuwa anauza ndoana, chubwi za risasi na nyuzi. Nikamwamkia, akaitikia marahaba, na nilipomwambia natafuta habari za kina kirefu akatoa kwenye pochi picha iliyotiwa plastiki, imekunjwa mara mbili mpaka mstari mweupe unapita kati. Vijana wawili wameshika samaki mkubwa kama mtoto wa darasa la tano. Magamba mazito, mabaka meupe ubavuni, na mapezi yaliyotoka mwilini kwa vikonyo vya nyama, utadhani yalikuwa yanataka kuwa miguu yakaghairi.

"Huyu wa kulia mwanangu," alisema. "Jarife la papa. Kulivuta alfajiri akamo yeye. Hatukumjua." Jarife ni nyavu ya jicho kubwa ya kutegea papa, na samaki wa pichani ndiye silikanti.

Wasiojua: wataalamu waliamini ukoo wa silikanti umetoweka pamoja na dainosaria, miaka kama milioni 66 iliyopita. Kumbe mwaka 1938 mama mmoja wa makumbusho ya East London, Afrika Kusini, Marjorie Courtenay-Latimer, akamkuta katika lundo la samaki wa meli ya uvuvi. Mtaalamu wa samaki J.L.B. Smith akampa jina la kisayansi, Latimeria chalumnae, halafu akahangaika miaka 14 kumpata wa pili, mpaka alipopatikana Komoro mwaka 1952. Wakomoro wao walikuwa wanamjua siku zote, wanamwita gombessa. Kwetu alirekodiwa mwaka 2003 upande wa Kilwa, kisha Tanga wakaanza kumtoa mmoja baada ya mwingine kwenye jarife. Samaki wa karibu na pwani wamepungua, nyavu zimepelekwa mbali na chini zaidi, na huko chini ndiko kwake.

Nikamuuliza mzee kama analiwa. Akacheka. "Mafuta matupu, mwanangu. Ukimla utakesha chooni." Ni kweli, hata vitabu vinasema hivyo. Hana soko, na juu ya hayo ni mnyama anayelindwa, kwa hiyo mvuvi akimpata ni hasara tupu: nyavu imechanika na karatasi za kujaza.

Ijumaa: Amboni

Ijumaa wavuvi wengi hawatoki, na jibu la barua lilikuwa bado. Nikapanda bodaboda kwenda mapango ya Amboni, kilomita kama nane kaskazini ya mji. Ni mapango ya mawe ya chokaa, popo wengi, na kila mwongozaji ana hadithi ya njia inayotokea mbali sana. Nilichokwenda kufanya ni kuzima tochi ya simu na kukaa gizani dakika tano. Silikanti wa Ngazija, kisiwa cha Komoro, wanakaa mchana kwenye mapango ya chini ya bahari, kwenye mita 200 hivi, wanatoka usiku kuwinda. Anajulikana hivyo kwa sababu mtafiti Hans Fricke na wenzake wa Ujerumani walishuka wenyewe mwaka 1987 kwa nyambizi ndogo iitwayo Geo, wakamrekodi akiwa hai kwake. Kabla ya hapo watu walikuwa na samaki waliokufa tu mkononi na makisio mengi mdomoni.

Alasiri ruhusa ikatoka. Masharti: nisiguse matumbawe, nitoke na mwenyeji anayejulikana.

Jumamosi: Kigombe

Kigombe iko kwenye barabara ya Tanga–Pangani, karibu katikati ya njia. Daladala 2,500, ndoo safari hii ililipiwa 1,000 bila ubishi. Kijiji kimekaa juu ya ufukwe, minazi, madau na boti za faiba zimepandishwa mchangani. Mwenyeji wangu, nahodha wa makamo, alinikaribisha kwake badala ya gesti. Mkewe alisema, "Shemeji, gesti utalipia mbu." Nikala wali na changu wa kukaanga, nikataka kuacha pesa ya chakula, ikakataliwa. Niliacha sukari na majani ya chai dukani kwa jina lake.

Jioni nahodha akakagua vyombo vyangu. Kopo la kamera alilitazama mara moja tu. Alichokikagua kwa makini ni kamba. Nilikuwa nimefunga kitambaa chekundu kila mita kumi. Akaivuta kwa mikono, akihesabu kwa pima, mkono mpaka mkono, kama anavyopima kamba zake za jarife. Nikachukua futi na kumpima mikono iliyonyooshwa: mita 1.72. Kwa hiyo anaposema pima sitini anazungumzia mita 103.

Akaniuliza nimefungaje uzito. Chuma changu kilikuwa kimefungwa moja kwa moja kwenye kopo kwa waya. Hakusema kitu, akaingia ndani, akarudi na kipande cha uzi wa nyavu kuukuu. Akafungua waya, akafunga chuma kwa ule uzi, urefu wa mkono mmoja chini ya kamera. Chuma kikinasa mwambani, uzi dhaifu unakatika, kamera inarudi. Wao ndivyo wanavyofunga mawe ya nyavu.

Mimi nikaongeza jambo langu: nikapaka grisi chini ya chuma. Manahodha wa zamani wa meli walikuwa wakitia bildi, risasi ya kupimia kina, yenye shimo lililojazwa mafuta, ili ikigusa sakafu irudi na mchanga au tope lake. Nahodha alifurahi kuliko alivyoifurahia kamera.

La muhimu kuliko yote ni saa. Nilipanga kutoka mchana, jua likiwa juu, nikidhani mwanga ndio shida. Akasema mwanga huna haja nao, huko chini hakuna. Shida ni mkondo. Maji yakitembea, kamba inalala. Unaweza kutoa mita 150 na jiwe lisiguse sakafu iliyo mita 80 tu. Ndiyo maana tulikuwa tumekwenda wakati wa maji mafu, bahari inapojaa na kupwa kidogo, mwezi ukiwa nusu, na Novemba, maleleji, upepo wa kusi umekwisha na wa kaskazi haujashika. Hata hapo, alisema, una muda mfupi tu maji yanapojaa na kusimama kabla hayajageuka. "Kesho yanajaa saa nne na kitu. Tutakuwa pale saa tatu, tunayangoja."

Hata Warusi na nyambizi zao kina kiliwasumbua. Mwaka 2008 Mir-1 na Mir-2, zilizotengenezwa kuhimili mita 6,000, zilipozamishwa Baikal, kwanza ilitangazwa kwamba rekodi ya kuzama ziwani imevunjwa, kisha ikasahihishwa kwamba haikuvunjwa. Nilimsimulia nahodha. Akasema basi hata wao hawakungoja maji.

Jumapili: nje ya Karange

Tulitoka kabla jua halijachomoza: nahodha, mwanawe kwenye mashine, baharia wa kuvuta kamba, na mimi. Boti nilikodi 120,000 na petroli yangu. Lita 25 zilibaki kidogo. Jaketi za kuokolea nililazimika kuzikodi Tanga mjini, 5,000 kila moja. Ulizia kabla, boti nyingi hazina.

Tulipita Karange upande wa kusini. Ndani ya mwamba maji ni ya kijani, unaona chini. Ukishatoka nje rangi inabadilika kwa mstari, na nahodha akaanza kutazama nyuma badala ya mbele: mnazi fulani uliopinda unapokaa juu ya paa fulani jeupe, na kilima cha bara kinapojitokeza kushoto kwa ncha ya kisiwa, hapo ndipo. Simu yangu yenye ramani ilikubaliana naye.

Mshusho wa kwanza ulikuwa wa majaribio, mita 40. Kopo likarudi kavu ndani. Nilikuwa nimetia karatasi ya choo chini ya kamera kama kipimo cha unyevu, ikatoka nyeupe.

Saa nne na robo kamba ilianza kusimama wima. Nahodha aliniangalia, hakusema, akashusha. Kamera yangu hairushi picha juu. Inarekodi tu, kwa hiyo unashusha bila kuona chochote. Unachobaki nacho ni vidole. Vitambaa vinapita: sitini, sabini, themanini. Kwenye mia na kidogo kamba ililegea, akaivuta nusu pima, ikakaza, akaishusha, ikalegea tena. "Mwamba," akasema. "Mchanga unapokea taratibu." Tukaiacha ikielea na boti dakika sita. Kisha ikakaza ghafla, boti ikageuka pua. Baharia akashika ukingo, nahodha akatoa kamba kidogo, akavuta mara mbili kwa mkato, na tukasikia mkononi uzi ukikatika. Chuma changu cha kilo nane kimebaki huko. Kamera ikapanda nyepesi.

Wa tatu tulitumia jiwe la nyavu. Mita 124, kamba ikiwa bado wima, ndicho kina kirefu tulichogusa. Huko mgandamizo ni karibu mara kumi na tatu ya huu wa juu. Jiwe nalo nililipaka grisi, na lilirudi na tope la kijivu laini, vipande vya kombe vidogo kama ukucha wa mtoto, na chembe moja nyekundu sikuijua. Baada ya hapo mkondo ukaanza, kamba ikalala, nahodha akasema basi. Ilikuwa saa tano kasorobo.

Usiku tulitazama nyumbani kwake, kompyuta juu ya ndoo, watoto mbele, wavuvi nyuma, wanawake mlangoni wakipita na kurudi. Sehemu kubwa haina kitu: mwanga wa tochi na chembe nyeupe zinazodondoka kama mvua kwenda chini, taka za viumbe wa juu. Kile kitambaa chekundu nilichofunga juu ya chuma kiligeuka cheusi kwenye mita 30, maji yanameza rangi nyekundu kwanza. Mwanga wa juu ulipoisha na tochi kubaki peke yake, kikawa chekundu tena. Watoto wakataka kirudiwe, tukarudia.

Kisha mwamba. Ukuta umekwenda chini kwa ngazi, kila ngazi imelaliwa na tope, na kwenye moja kuna tundu jeusi linaloweza kuingia mtu. Kila mtu alinyamaza akingoja silikanti. Hakuwamo. Kulikuwa na samaki wadogo wekundu wenye macho makubwa, wakapita. Watafiti wa Kijapani waliofanya kazi Tanga na TAFIRI, taasisi ya taifa ya utafiti wa uvuvi, waliwahi kushusha kamera yenye injini yake, inayoendeshwa kutoka juu, wakampiga picha akiwa hai maji haya haya. Sisi tulikuwa na jiwe.

Tulichokiona kilikuwa kitu kingine. Pale kamba iliponasa, kamera iligeuka na tochi ikamulika nyavu. Jarife, jicho kubwa, limening'inia kwenye ukingo wa mwamba, limejaa tope upande mmoja na upande wa pili bado linacheza na maji kama limetegwa jana. Juu yake mstari wa maboya ya kukata kwa kisu kutoka kwenye ndala. Ndala za bluu.

Hapo nyumba ikawaka. Mzee mmoja akasimama: "Hilo langu!" Mwingine, ambaye wanaitana shemeji, akasema ndala za bluu Kigombe nzima inavaa. Wa kwanza akataka picha isimamishwe, akasogea mpaka pua inagusa kioo, akaonyesha fundo: yeye hufunga boya kwa fundo mara tatu, marehemu baba yake alimfundisha. Wa pili akasema baba huyo huyo alimfundisha na yeye. Nahodha kimya. Baadaye alinieleza nyavu ya namna hiyo ikipotea ni hasara ya laki kadhaa, na kwamba inaendelea kuua samaki bila mwenyewe. Papa akiingia humo haji mtu kumtoa. Silikanti naye hivyo hivyo, na yeye, kwa utafiti uliotoka mwaka 2021, huishi karibu miaka mia na hubeba mimba kama miaka mitano. Hana haraka ya kujazia pengo.

Kijana mmoja akaniuliza, "Kaka, na huko ziwani kwenu chini kuna nini?" Nikamjibu kuwa kwa samaki hakuna kitu. Maji ya Tanganyika hayachanganyiki mpaka chini. Kuanzia kama mita 100 upande wa kaskazini, na karibu 200 kusini, oksijeni imekwisha. Baikal ni kinyume, oksijeni inafika sakafuni na viumbe wapo mpaka huko. Kwetu kilichoko ni tope la mamilioni ya miaka, ambalo wanajiolojia hulitoa kwa mirija kusoma mvua na ukame wa kale. Na labda nyavu. "Basi nyavu zenu haziui mtu huko chini," akasema. Sikuwahi kulifikiria hivyo.

Jumatatu: kurudi

Daladala, Kange, basi, foleni ya Kibaha. Hakuna la kusimulia ila machungwa.

Hesabu kwa atakayefuata: ukiondoa chombo chenyewe, safari nzima imenila kama 450,000, na boti na petroli ndiyo karibu nusu yake. Mkiwa watatu inagawanyika vizuri. Ruhusa iombeni mapema, kabla ya kusafiri. Tazameni mwezi kwanza, ndipo mkate tiketi. Na chukueni chuma cha akiba.

Kigoma tutakwenda mwakani na kopo jipya, kioo kinene zaidi. Kule hakuna kupwa na kujaa, ila upepo upo, na mita 200 za kamba zinatosha kuvuka mpaka wa oksijeni na kuona samaki wanaishia wapi.

Video ya jarife nimeituma Kigombe. Mzee wa fundo la mara tatu aliomba nakala yake, na shemeji yake akaomba yake. Jana nahodha amenipigia kuniambia kesi imefika kwa mwenyekiti wa kijiji, ambaye naye ameomba nakala.